Kupanda kwa miguu, kushuka kwa helikopta: Mzozo wa uokoaji katika milima ya Himalaya

KILA asubuhi ya msimu wa utalii, kabla jua halijapenya vyema katika bonde la Khumbu nchini Nepal, ngurumo za helikopta huanza kusikika zikipanda kutoka Lukla. Hutua Gorakshep, kituo cha mwisho chenye nyumba za wageni kabla ya Kambi Kuu ya Everest, zikachukua watu wawili au watatu na kuondoka upesi bila hata kuzima injini.

Mgeni asiyejua mambo angedhani kumetokea maafa. Baadhi ya abiria hao ni wagonjwa kweli, tena mahututi. Wengine hawaumwi hata kichwa: wametembea kwa zaidi ya wiki moja, wamepigwa picha kambini, na sasa wanarejea Kathmandu kwa usafiri waliolipia tangu siku walipoagiza safari yenyewe.

Kwa anayetazama kutoka chini, makundi hayo mawili hayatofautishwi. Chombo ni kile kile, rubani ni yule yule na mahali pa kutua ni pale pale. Hapo ndipo penye kiini cha mzozo ambao umeiandama sekta ya utalii ya Nepal kwa miaka mingi sasa. Mpaka kati ya uokoaji na starehe umefutika, na wapo waliojipatia utajiri kutokana na kufutika huko.

Biashara yenyewe ni rahisi kueleza. Mtalii husafirishwa kwa ndege ndogo hadi Lukla, kwenye uwanja ulio karibu mita 2,850 juu ya usawa wa bahari, ambao njia yake ya kurukia ina urefu wa mita 527 pekee na imeinama kuelekea bondeni. Kutoka hapo huandamana na mwelekezi na mpagazi kupitia Phakding, Namche Bazaar, Tengboche, Dingboche na Lobuche hadi Gorakshep, mita 5,164. Kambi Kuu iko mita 5,364.

Msomaji aliyewahi kukwea Mlima Kenya ataelewa maana ya tarakimu hizo. Gorakshep, mahali ambapo watu hulala na kuandaliwa chai, pamepita kilele cha Lenana, kilicho mita 4,985, na pamebakisha takriban mita 35 tu kulingana na Batian.

Kupanda hakuna njia ya mkato. Hewa katika Kambi Kuu ina oksijeni karibu nusu ya ile ya pwani, na mwili hauwezi kuharakishwa kuizoea. Ndiyo maana misafara yenye busara hupumzika siku nzima Namche na siku nyingine Dingboche kabla ya kuendelea. Kushuka, kinyume chake, hakuna sharti hilo. Anayetembea hutumia siku tatu au nne kurudi Lukla. Anayepaa hufika Kathmandu kabla ya chakula cha mchana.

Siku hizo chache ndizo zinazouzwa. Kiti katika helikopta ya pamoja hugharimu mamia kadhaa ya dola hadi Lukla, na hupita dola 1,000, yaani takriban Sh130,000, kwa anayetaka kufikishwa Kathmandu. Kwa mfanyakazi wa Ulaya au Marekani aliyepewa likizo ya wiki mbili, gharama hiyo si kubwa ikilinganishwa na siku anazookoa, licha ya magoti yake kupona adha ya kuteremka kwenye mawe.

Itakuwa kosa kumlaumu mteja huyo. Amelipa fedha zake, hajamwibia mtu, na pengine mwili wake usingeweza kustahimili mwendo wa kurudi. Lakini safari yake ya dakika chache ina watu wengine wanaoigharamia, na majina yao hayamo katika ankara anayokabidhiwa.

Wa kwanza ni wenye nyumba za wageni. Njia ya Khumbu ilijengwa juu ya dhana kwamba kila anayepanda atashuka, hivyo atalala na kula Pangboche, Namche na Phakding mara mbili. Wa pili ni mpagazi. Yeye hulipwa kwa siku, si kwa safari, na mteja anapopaa kutoka Gorakshep, siku zake za malipo hukatika ilhali bado ana mwendo wa siku kadhaa kurudi alikotoka.

Kisha kuna kelele. Katika hewa nyepesi ya Gorakshep, helikopta yenye uwezo wa kubeba abiria watano haiwezi kunyanyuka na mzigo wote huo. Rubani hulazimika kuwashusha wawili au watatu hadi Pheriche, kurudi kuchukua waliosalia, kisha kuwakusanya wote kwa safari ya kwenda chini. Kundi moja la watalii watano kwa hivyo huweza kuzalisha ngurumo za safari mbili au tatu katika bonde lile lile ambalo lilitengwa kuwa Mbuga ya Kitaifa ya Sagarmatha mnamo 1976.

Hali haikuwa hivi daima. Mnamo Mei 1996, dhoruba ilipowaua wakweaji kadhaa wa Everest, rubani wa jeshi la Nepal, Luteni Kanali Madan Khatri Chhetri, alitua karibu na Kambi ya Kwanza, takriban mita 6,000, na kuwaokoa Mmarekani Beck Weathers na Makalu Gau wa Taiwan mmoja baada ya mwingine. Kitendo hicho kilisimuliwa duniani kote kwa sababu hakuna aliyedhani kingewezekana.

Miaka tisa baadaye, tarehe 14 Mei 2005, Mfaransa Didier Delsalle aligusa kilele chenyewe cha Everest kwa helikopta aina ya AS350 B3. Tangu hapo mashine za aina hiyo zimekuwa ndizo farasi wa kazi wa Himalaya. Lililokuwa muujiza mwaka wa 1996 limekuwa ratiba ya kila asubuhi.

Ni muhimu kuelewa kinachofanywa na helikopta kwa mgonjwa wa mlimani, kwa sababu hapo ndipo udanganyifu ulipojipenyeza. Maradhi ya mwinuko huanza kwa kuumwa kichwa, kichefuchefu na kukosa usingizi. Yakipuuzwa, mapafu huweza kujaa maji au ubongo kuvimba, na mtu akafa katika muda wa saa chache.

Dawa iliyo bora kuliko zote ni kushuka. Mara nyingi mita mia chache hadi 1,000 hutosha kumrejeshea mgonjwa nafuu, na yule ambaye bado ana nguvu za kutembea huweza kushuka kwa miguu yake akisindikizwa. Helikopta haina tiba ya ziada. Ni njia ya kushuka upesi kwa asiyeweza kujikokota, au pale ambapo kila dakika ina thamani.

Kati ya kuumwa kichwa na kuvimba ubongo pana mwanya mpana. Anayeamua mgonjwa yuko upande gani aghalabu si daktari bali ni mwelekezi, usiku, katika chumba chenye baridi kali, mbele ya mgeni aliyejawa na hofu. Na mwelekezi huyo ana mabwana watatu kwa wakati mmoja: mteja anayemtegemea, kampuni iliyomwajiri, na mwenye helikopta ambaye huenda akamtupia kamisheni.

Mnamo 2018 serikali ya Nepal iliunda kamati ya kuchunguza malalamishi ya kampuni za bima za kigeni, nayo ikaanika mambo kinagaubaga. Watalii waliokuwa na dalili ndogo walitishwa kwamba wangekufa wasipopaa mara moja. Waliosafirishwa pamoja katika helikopta moja walitozwa kila mmoja gharama ya helikopta nzima, na kila ankara ikapelekwa kwa bima tofauti. Hospitali kadhaa jijini Kathmandu zilidaiwa kuwalaza watu wasiohitaji kulazwa na kugawana mapato na waliowaleta.

Yalizuka hata madai kwamba baadhi ya watalii walitiliwa hamira ya magadi katika chakula ili waharishe na kukubali kuondolewa. Dai hilo ndilo lililotangaa zaidi katika vyombo vya habari vya ulimwengu, na si ajabu, kwani lina ladha ya kisa cha upelelezi. Lakini ulaghai ulio wa kawaida zaidi hauhitaji sumu wala magadi.

Unahitaji tu mtalii aliyechoka. Ameshafika Kambi Kuu, anatamani kushuka kwa helikopta kama wenzake lakini hana dola 1,000. Anaambiwa kwa upole kwamba akisema anaumwa, bima italipa. Atapelekwa hospitali, atatiwa maji mshipani kwa saa chache, na jioni atakuwa hotelini. Anayemshauri anapata kamisheni, mwenye helikopta anapata maelfu ya dola badala ya nauli ya kiti kimoja, hospitali inapata mgonjwa. Kila aliyemo chumbani anatoka na chake.

Ni hapa ambapo uuzaji wa safari za kushuka kwa helikopta unapokutana na udanganyifu wa bima. Pasingekuwa na usafiri wa starehe uliozoeleka, mtu mzima asingepaa kutoka Gorakshep bila kuulizwa swali. Kwa kuwa helikopta zipo pale kila asubuhi, na kwa kuwa wazima na wagonjwa hupanda bega kwa bega, kinachobaki kuwatofautisha ni karatasi. Na karatasi huandikwa.

Anayeumia zaidi si kampuni ya bima, ambayo itapandisha ada na kuendelea na shughuli zake. Anayeumia ni mgonjwa wa kweli. Mtalii aliyesoma habari za ulaghai kabla ya kuondoka kwao humtazama mwelekezi kwa jicho la shaka anapoambiwa ashuke. Huenda akajibu kwamba anataka kungoja hadi asubuhi. Kwa mtu ambaye mapafu yameanza kujaa maji, asubuhi ni mbali mno. Mwelekezi mwaminifu, na wengi ni waaminifu, hujikuta akitetea ukweli kwa sauti ile ile iliyotumiwa na waongo kabla yake.

Serikali ilitangaza masharti mapya mwaka huo wa 2018, ikiwaondoa madalali na kuzitwika kampuni za utalii wajibu wa mteja tangu mwanzo hadi mwisho wa safari. Mapema 2019 kampuni za bima zilitishia kuacha kabisa kuwakinga watalii wanaokwenda Nepal iwapo wahusika hawangechukuliwa hatua. Hata hivyo, Januari 2026 polisi wa Nepal walikuwa bado wakiwatia mbaroni wasimamizi wa kampuni za uokoaji kwa shutuma za aina ile ile. Miaka minane ilikuwa imepita.

Aprili 2023 serikali ilileta kanuni nyingine: kila mgeni anayetembea milimani sharti awe na mwelekezi mwenye leseni. Sababu iliyotolewa ilikuwa usalama, nayo ina uzito, kwani watu wanaopotea peke yao ni mzigo kwa waokoaji. Uongozi wa Khumbu ulikataa kuitekeleza katika eneo lake. Lakini hata pale inapotekelezwa, kanuni hiyo humlazimisha mgeni kumtegemea mwelekezi bila kugusa mfumo unaomlipa mwelekezi kamisheni. Ni sawa na kuongeza idadi ya walinzi bila kuuliza ufunguo wa ghala anao nani.

Zaidi ya fedha, kuna roho za watu. Februari 27, 2019, waziri wa utalii na usafiri wa ndege wa Nepal, Rabindra Adhikari, ambaye ndiye aliyesimamia wizara wakati wa uchunguzi wa ulaghai huo, alifariki katika ajali ya helikopta wilayani Taplejung pamoja na watu wengine sita. Wiki chache baadaye, Aprili 14, ndege iliyokuwa ikijaribu kuruka Lukla iliacha njia na kugonga helikopta zilizoegeshwa kando, na watu watatu wakafa.

Kisha Julai 11, 2023, helikopta iliyokuwa ikiwarejesha watalii watano wa Mexico, wote wa familia moja, kutoka eneo la Everest ilianguka na kuwaua wote pamoja na rubani. Hao hawakuwa wagonjwa. Walikuwa wamekwenda kutazama mlima, tena katika msimu wa mvua za masika ya Asia, wakati mawingu hujaa mabondeni bila taarifa. Mamlaka ya usafiri wa ndege ilipiga marufuku ya muda safari zisizo za lazima. Neno "zisizo za lazima" lingefaa kufafanuliwa siku hiyo, lakini halikufafanuliwa kwa namna iliyomaliza ubishi.

Ubishi ulilipuka upya Januari 2025. Usimamizi wa Mbuga ya Sagarmatha ulitangaza kusitisha safari za helikopta za kibiashara, ukitaja kelele na madhara kwa wanyama. Vijana wa Khumbu wakaunga mkono kwa vitendo, wakaweka vizuizi na bendera katika sehemu za kutua. Wenye helikopta nao wakasimamisha safari wakidai usalama wa marubani umo hatarini, na mamlaka ya usafiri wa ndege ikashikilia kwamba mbuga haina uwezo wa kisheria wa kufunga anga. Safari zilirejea baadaye.

Wako walioyaona maandamano hayo kama wivu wa wenye nyumba za wageni. Maslahi hayo yapo, na hakuna aibu kuyataja. Mtu hutetea riziki yake. Lakini wakazi wa Khumbu wana hoja nzito kuliko hiyo, kwa sababu wao pia ni wagonjwa watarajiwa. Helikopta ndiyo gari la wagonjwa la mama anayejifungua kwa shida katika kijiji kisicho na barabara. Hawataki iondoke. Wanachotaka ni kuwe na mtu anayeamua itumike kwa nini, na mtu huyo asiwe mwenye kuuza tiketi.

Swali la nani atangulie si la kinadharia. Baada ya tetemeko la Aprili 25, 2015, lililoua karibu watu 9,000 nchini Nepal, helikopta zilitumwa kuwashusha wakweaji zaidi ya 100 waliokwama katika Kambi ya Kwanza, juu ya maporomoko ya barafu ya Khumbu. Wakati huo huo vijiji vya Gorkha na Sindhupalchok vilikuwa vimelala chini kifusi tupu, majeruhi wakingoja. Pengine kuwaacha wakweaji kule juu kungekuwa ukatili, maana njia yao ya kushuka ilikuwa imeharibika. Hata hivyo lawama zilizofuata hazikuwa za bure.

Na kila siku, pasipo tetemeko lolote, swali hilo hujibiwa kimya kimya dhidi ya mpagazi. Watu hudhani kila mbeba mizigo wa Himalaya ni Msherpa aliyezaliwa juu na asiyedhurika na mwinuko. Wengi wao hutoka jamii za mabonde ya chini, Warai na Watamang, na mapafu yao hujaa maji kama ya mgeni yeyote. Shirika la kimataifa la kuwalinda wapagazi lilianzishwa mwaka wa 1997 baada ya mpagazi mmoja wa Nepal kufariki alipoachwa ashuke peke yake akiwa mgonjwa. Sheria hudai wapagazi wawekewe bima, lakini fidia yake haiwezi kulinganishwa na ile ya mtalii, na hakuna dalali wa helikopta anayemkimbilia asiye na bima nene.

Kenya nayo ina sababu ya kuutazama mlima huo kwa makini. Mei 2024, Mkenya Cheruiyot Kirui alifariki karibu na kilele cha Everest akijaribu kukikwea bila mtungi wa oksijeni, na mwelekezi wake, Nawang Sherpa, hakurudi. Walikuwa mahali ambapo helikopta haiwezi kutegemewa, na familia ya Kirui iliamua mwili wake ubaki mlimani badala ya kuhatarisha maisha ya wengine. Katika simulizi nyingi zilizoandikwa nchini, jina la Nawang lilitajwa katika aya za mwisho.

Jirani hapa Tanzania, helikopta ya uokoaji ilianguka katika Mlima Kilimanjaro Desemba 2025 ikiwa katika shughuli ya kuwaondoa wagonjwa, na watu watano wakafa. Wanaoendesha utalii wa milima ya Afrika Mashariki wana kila sababu ya kujifunza kutoka kwa Nepal mapema, kabla ya desturi kukomaa.

Kielelezo cha kujifunza hakiko mbali na Gorakshep. Pheriche, mita zipatazo 4,370, pana zahanati inayoendeshwa na Chama cha Uokoaji cha Himalaya, kilichoanzishwa 1973. Madaktari wa kujitolea huwahudumia watalii kwa ada, na ada hiyo ndiyo husaidia kuwatibu wapagazi na wanakijiji kwa malipo madogo mno. Hapo daktari hana kamisheni ya helikopta. Akisema mgonjwa apae, anapaa. Akisema ashuke kwa miguu hadi bondeni akanywe supu, hushuka.

Kama uamuzi wa kila uokoaji ungepitia mikononi mwa daktari wa namna hiyo, hata kwa simu ya setilaiti, ankara nyingi za uongo zingekosa pa kuanzia. Na kama kila kiti cha starehe kinachouzwa kutoka Gorakshep kingetozwa kiasi kidogo kwa ajili ya mfuko wa kuwashusha wapagazi wanaougua, mtalii anayelipa zaidi ya dola 1,000 asingehisi tofauti. Kampuni za helikopta bila shaka zitalalamika kwamba hesabu haziruhusu. Zinaweza kuulizwa ni hesabu gani, kwa sababu kwa mujibu wa uchunguzi wa 2018, zilizokuwa zikitumwa kwa bima hazikuwa za kweli.